Bata Mzinga Juu ya Mafuta

Watu wa mjini wananichosha. Wananunua bata mzinga asubuhi ya Sikukuu ya Shukrani, bado jiwe la barafu, wanamtumbukiza kwenye mafuta ya moto, halafu jioni tunasikia banda limeteketea. Kwetu Lafourche, huku vinamasini, ukifanya upuuzi huo utachekwa mpaka uhame. Bata anayeyushwa polepole. Analala kwenye maji ya chumvi na sukari na vitunguu saumu, kisha anatolewa na kukaushwa kwa taulo, nje na ndani, mpaka ukimpitishia kiganja kinatoka kikavu. Maji na mafuta hayapatani, na yakigombana anayebabuka ni wewe.

Mwaka huu kazi yote ilituangukia mimi na kaka yangu Dalton, maana Baba alikuwa hasemi. Kiharusi kilimpata wakati wa Kwaresima. Mguu ulirudi, mkono wa kulia ukarudi nusu, sauti ikagoma kabisa. Na huyu ni mtu aliyekuwa akiongea na mbwa, na injini ya mashua, hata na vitunguu vikiwa kwenye sufuria. Mwanamama mmoja mpole wa hospitali alikuwa akija na kadi za picha: kikombe, paka, kiti. Baba alizitazama, akatutazama sisi, machozi yakamlengalenga. Mwishowe yule mwanamama alituita jikoni akatuambia tusitegemee sana. Ambacho hakijarudi mpaka leo, alisema, huenda kisirudi tena.

Mama alimshukuru, akamfungia kipande cha keki. Alipoondoka, Mama alibaki ameshika meza.

"Miaka yote hii nimemwambia Ovey anyamaze," alisema. "Kumbe Mungu alikuwa anasikiliza."

Basi asubuhi ya sikukuu tulimlaza bata kwenye meza ya uani, ile tunayomenyea kamba. Dalton alijaza bomba la sindano siagi iliyoyeyushwa, maji ya kitunguu na pilipili kali, akaanza kumchoma kifuani. Kila akichoma, siagi inamrukia shati.

"Wewe hata mbwa asingekubali umchanje," nilimwambia.

"Na wewe uliyemkausha, mbona kwapa bado linavuja?"

"Lako ndilo linavuja. Choma paja, acha maneno."

Mlango wa nyuma ukalia. Baba alikuwa anashuka ngazi na fimbo yake, Mama nyuma yake ameshika koti.

"Ovey, baridi hii. Rudi ndani, watakuletea sahani yako."

Baba hakugeuka hata kidogo. Alifika mezani, akambonyeza bata paja kwa kidole, akatikisa kichwa. Akampokonya Dalton sindano, na kwa mkono wa kushoto, taratibu, akaizamisha mpaka karibu na mfupa. Kisha akaketi kwenye kreti la kaa, akatuangalia kama fundi anavyowaangalia vibarua aliopewa bila kuulizwa. Mama alimvika koti, akarudi kusimama kwenye ngazi.

Sufuria ilikuwa katikati ya ua, mbali na nyumba, juu ya jiko la gesi. Mimi nimekua na mafuta haya ya karanga, na bado kila mwaka yananinyamazisha. Maji yakichemka yanakupigia kelele, unajua la kufanya. Mafuta yakipata moto wake hayasemi kitu. Yanatulia, yanang'aa, unaona mpaka chini kabisa, na yanaweza kukuvua ngozi. Nilisogea polepole kutazama kipimajoto.

Bata hashushwi na mtu mmoja. Anatundikwa kwenye ndoano, mpini wa ufagio unapitishwa, mmoja anashika huku na mwingine kule. Moto unazimwa kwanza, ili mafuta yakimwagika yasiwake. Halafu mtu anahesabu mpaka tatu, na kwenye tatu mnashusha, kidogo kidogo. Tunahesabu kwa Kifaransa, kile chetu alichonyonya Baba kwa mama yake. Kiingereza alikutana nacho shuleni, na fimbo. Siku zote mhesabuji alikuwa yeye. Dalton alizima moto, tukanyanyua, nikafungua mdomo nihesabu.

"Moja," mtu akasema nyuma yangu, kwa Kifaransa.

Sikuijua ile sauti. Ilikuwa nzito na kavu, ya mtu aliyeamka sasa hivi. Nilimtazama Dalton, na Dalton alikuwa anatazama kreti la kaa.

"Mbili," alisema Baba. "Tatu."

Hakuna aliyeshusha. Nywele zilinisimama mikono yote. Niliona kabisa kwamba bata akigusa mafuta, yatanguruma na kuizima sauti hii, na sisi ndio tutakuwa tumeizima. Baba alingoja. Akakunja uso.

"Nne," akasema. "Tano."

"Msishushe," Mama alisema. Hakupaza sauti. Alikuwa ameshuka ngazi bila viatu.

"Mama, mafuta yanapoa," alinong'ona Dalton.

"Yapoe."

Huyu ndiye Mama aliyeacha kumwamkia shemeji yake mwaka mzima kwa sababu ya mchuzi ulioungua. Tukabaki tumemning'iniza bata, mzito kama mtoto wa miaka miwili, mabega yanawaka, na Baba anahesabu. Sita. Saba. Nane ilimsumbua, aliitafuta hewani kwa midomo, akaipata. Mimi kanisani huwa nakwenda ili Mama asinune. Lakini pale uani niliogopa, sikufichi, na si mafuta niliyoyaogopa. Nilihisi tumesimama mahali ambapo hatukupaswa kupumua kwa nguvu.

Kumi na moja. Kumi na mbili. Hapo Baba akanyamaza. Alimtazama bata, akatutazama sisi, akatazama kipimajoto. Uso ukamwiva, akaipiga fimbo chini.

"Shusheni, wapumbavu nyie," alisema. "Mtaniharibia bata."

Tukashusha. Mafuta yalinguruma, mvuke ukapanda juu ya banda, na Dalton alikuwa analia waziwazi, hawezi kujifuta kwa sababu ya mpini. Nilimwambia akaze mikono. Mimi mwenyewe nilikuwa sioni mbele.

Bata yule alitoka amelowa mafuta, ngozi imelegea, wa ovyo kuliko wote waliowahi kukaangwa pale, na tulimla mpaka mifupa. Lakini hayo yalikuwa ya baadaye. Wakati ule, huku sufuria inanguruma, Mama alikwenda akapiga magoti mbele ya kreti, kwenye tope, akamshika Baba mashavu kwa mikono miwili.

"Ovey," alimwambia, "nitukane na mimi."