Nilifagia Chini ya Migomba

Tangu duka letu la mjini Chinsapo lifungwe tukarudi Dzaleka, kambi ya wakimbizi, mume wangu Gakiza alishinda kwenye kiti, uso ukutani, asubuhi mpaka jioni. Miezi minne hakuniita jina. Mtoto wetu Akeza aliniuliza kama Papa, baba yake, anakufa. Nilimgombeza, kwa sababu nami niliogopa hilohilo.

Nesi wa zahanati ya kambi akaniambia nimtoe nje kila siku, akae penye majani na maji. Nilikasirika. Nimepanga foleni tangu alfajiri, naye ananiandikia majani! Lakini sikuwa na dawa nyingine. Nikakumbuka migomba mitatu kule kijitoni, aliyoipanda Gakiza kabla hatujaenda mjini.

Mimi ni mtoto wa wafanyabiashara wa mji wa Kindu, kulima sikujui. Kufagia najua. Nikatangulia peke yangu, nikazoa nyasi kavu zote zilizokuwa chini ya migomba ile, nikafagia mpaka udongo ukang'aa. Nilitaka akute pazuri.

Kesho yake nilimvuta mkono njia nzima. Tulipofika aliangalia chini, akashika kichwa.

"Zaina! Njo we ulifanya hivi?"

"Njo mi," nilikiri. "Kulikuwa buchafu."

"Buchafu? Ile njo nguo yao! Kwetu Burundi migomba hazibaki uchi. Jua itazimaliza! Bantu ba kwetu bakiona hii, batanicheka!"

Alinisema mpaka sauti ikamkauka. Nami nikasimama pale nikilia na kucheka, maana alikuwa ameniita Zaina.

Akaanza kukata nyasi kando ya kijito na kuzitandaza, jasho likimtiririka. Nyumbani alimaliza nsima yake, ugali wa huku, akaomba nyingine. Asubuhi yeye ndiye aliyeniamsha. Eti nyasi hazitoshi. Hazikutosha wiki ile, wala mwezi ule.

Mimi nilikuwa nakaa kwenye jiwe, miguu majini, nasikiliza ndege. Hata kifua changu, ambacho sikujua kimebana, kiliachia. Nilirudi kwa yule nesi kumwambia zikomo, asante kwa lugha yake, na kumwomba radhi kwa uso niliomkunjia.

Leo Gakiza amemchukua Akeza akamfundishe kutandaza. Nyumba ikabaki kimya. Nikakaa kwenye kiti chake, uso ukutani, nikaona alichokuwa anakiona miezi yote ile: matofali na ufa mmoja. Asante, Mungu wangu. Nikakibeba kiti hadi nje, nikakaa kuwasubiri.