Kesi Ihamie Huku

Msusi hakuwa na wakili, ila mdomo alikuwa nao, tena wa kutosha kugawia wengine. Asubuhi hiyo alisimama kifua mbele mahakamani, vidole bado vinanukia mafuta ya nywele, akimwomba jaji jambo moja tu: kesi ya talaka aliyofunguliwa na mumewe itolewe kule mji wa mbali alikohamia bwana huyo, iletwe mahakama ya familia ya mji anaoishi yeye. Ikibaki kule, basi tena. Asipohudhuria, hukumu itatolewa bila yeye na watoto wataondoka. Akihudhuria, kwenda ni kutwa nzima na kurudi vivyo hivyo, na nyumbani ana mgonjwa asiyeweza hata kujigeuza kitandani.

Wakili wa mume, kijana mtanashati wa suti ya kubana, alikuwa amejipanga.

"Mheshimiwa, huyu mama anasema hawezi kusafiri. Mbona leo kasafiri? Huyu hapa, mzima kabisa, hata jasho hana!"

Watu wakacheka chini chini. Msusi naye akacheka, maana utani mzuri ni mzuri hata ukikupiga wewe.

"Nimesafiri leo, kaka wakili, ili nisisafiri kila mwezi. Jirani amenikalia na mgonjwa. Kesho naye ana shughuli zake."

"Na huyo mgonjwa ni nani?" Wakili akapunga karatasi hewani. "Humu umeandika 'mgonjwa', ukaishia hapo. Ni shoga yako? Mteja wa saluni? Tutajuaje kama yupo?"

Hapo msusi akanyamaza, na yeye kunyamaza si jambo dogo. Jana yake, alipokuwa akimkanda yule bibi mgonjwa mgongo, bibi alimshika mkono akamsihi: "Mwanangu, kaseme yote, ila mimi usinitaje. Usimwaibishe yule mbele za watu." Roho ilimuuma, lakini aliitikia. Na msusi huyu hajawahi kumwacha mteja na kichwa nusu, seuze kuvunja ahadi.

"Mheshimiwa, nimekatazwa kumtaja," akasema. "Lakini mume wangu anamjua. Aulizwe yeye."

Jaji, mwanamke wa makamo mwenye miwani iliyoshuka hadi ncha ya pua, akamgeukia mume. Bwana yule, fundi umeme, mtu wa maneno mengi siku zote, alikuwa ameinamia viatu vyake.

"Bwana, unamjua mgonjwa huyo?"

Wakili akamgusa kwa kiwiko. "Sema tu, usiogope," akamnong'oneza, bado anatabasamu.

"Ni mama," akasema fundi.

"Mama wa nani?"

"Mama yangu mimi."

Lo! Wakili wa watu hakuwa ameambiwa. Tabasamu likamkauka, akaketi bila kuambiwa aketi. Jaji akavua miwani.

"Mara ya mwisho ulikwenda kumwona lini?"

Fundi akainamia tena viatu vyake. Jaji hakumuuliza tena. Aliandika, kisha akatamka: kesi inahamia kule kwa mke, na mume afike mwenyewe kila inapoitwa, asitume wakili peke yake. Msusi alitoka pale akitembea kama mwenye jengo.

Alipofika nyumbani alimkuta mama mkwe macho kodo.

"Umenitaja?"

"Wala! Kakutaja mwenyewe."

"Alisemaje?"

"Alisema, 'mama yangu mimi.'"

Bibi akayarudia maneno hayo taratibu. "Na kesi?"

"Tumeshinda, mama! Inakuja huku. Na kila ikiitwa lazima aje mwenyewe, atake asitake."

"Kwa hiyo atakuwa anakuja?"

"Atakuja."

Bibi akampapasa mkono mpaka akaupata, akaubana kwa nguvu zote alizobakiza.

"Mwanangu, haki ni yako, na najua umemchoka," akasema. "Lakini nakuomba sana. Hiyo kesi isiishe haraka."