Benchi la Nje

Shangazi Wan-hou hakuwa na mume, hakuwa na mtoto, hakuwa na mama mkwe wa kumsengenya, wala jina lake halingewekwa kamwe kwenye madhabahu ya ukoo. Hata sufuria ya peke yake hakuwa nayo.

Alipokuwa msichana wa kiwanda cha hariri alijifunga nywele kishungi mbele ya wenzake, akaapa kutoolewa. Yeye na wenzake hao walinunua nyumba moja kando ya bwawa la samaki, wakaishi pamoja, wakazeeka, wakazikana.

Siku moja Gwan-yiu, mtoto wa kaka yake, alimfuata.

"Shangazi, twende nyumbani. Utazeekaje bila watu wako?"

"Kwani sisi ni bata?" aliuliza mzee Yuk-sim, mmoja wa wenzake wa kiapo, aliyekuwa akimenya njugu mlangoni.

Wan-hou alikwenda. Mwezi wa kwanza alinenepa. Wa pili akashikwa na homa.

Kwetu, mwanamke aliyeapa hafii chini ya paa la ukoo wake. Inasemekana huacha mkosi. Gwan-yiu aliicheka mila hiyo. Lakini homa ilipozidi, yeye na mkewe walikibeba kitanda cha shangazi hadi kwenye banda la viwavi wa hariri.

"Huku kuna hewa, Shangazi."

"Ipo," alijibu. "Na viwavi, mmewaomba ruhusa?"

Alipopona alirudi kwa wenzake kwa miguu. Yuk-sim alimsogezea bakuli la njugu bila kuinuka.

"Karibu, bi harusi."

"Nimeachika," alisema Wan-hou, akaanza kumenya.

Gwan-yiu alituma keki za mchele na ujumbe wa kumsihi arudi. Ndipo Wan-hou akaja kwangu, kwenye benchi lililo nje ya mlango wao. Wanaume hatuvuki kizingiti kile; barua zote za wanawake hao nimeziandikia hapo, kwa mwandiko nilioupata shule ya usiku. Nilipendekeza nianze na methali.

"Acha methali. Andika sina hasira. Andika nitafia hapa. Akitaka kuniona kabla sijafa, aje. Ndani haingii, lakini benchi lipo, na lina hewa."

"Hewa tuiondoe?"

"Iache."

Niliifunga bahasha kwa ubwabwa, naye akaibana kwa kidole gumba mpaka ikashika. Tarishi alipopita na baiskeli, nikampa.