Faili la Asilimia Mia

Mama Vipimo alikuwa akimwonea wivu farasi. Tuseme mapema ili tusizungukane. Na hakuwa farasi wa kula majani. Alikuwa farasi wa kwenye gemu, wa rangi ya kahawia, anayeishi ndani ya televisheni ya sebuleni kwake. Mwanamke mwenyewe hakuwa mjinga. Alikuwa fundi cherehani mwenye wateja mitaa mitatu, anayeweza kukutazama unavuka barabara akakutajia kiuno chako bila kushika futi, ndiyo maana wakampa jina hilo. Lakini hapa tunazungumzia moyo, na moyoni alikuwa hana kipimo hata kimoja.

Mumewe alikuwa fundi wa kuchomelea vyuma kwenye karakana ya mageti na madirisha. Wenzake kazini walimwita Kimya, na jina lilimkaa barabara. Akirudi jioni alisalimia, akaoga, akala, akashukuru kwa chakula, mazungumzo yakaishia hapo. Kuna siku Mama Vipimo alimhesabia maneno kumi na manne tangu aingie mpaka alale, na matatu kati ya hayo yalikuwa "chumvi iko wapi".

Gemu ilikuwa ya binti yao. Alipokwenda shule ya bweni aliiacha chini ya televisheni, na baba yake akaanza kwa kuipangusa vumbi. Kisha akaiwasha aone kama bado nzima. Kisha ikawa kila jioni. Ilikuwa gemu ya nchi kubwa, unapanda farasi wako unakwenda unakotaka: milimani, mijini, mapangoni. Zimo kazi za kufanya, majambazi wa kupiga na nyumba za kununua, ila hakuna anayekusukuma. Kimya alikuwa na mwaka wa pili humo na hajafika hata robo. Wenye haraka zao walimaliza kwa miezi miwili. Yeye alikuwa akitembeza farasi wake polepole kando ya mto, na huku akitembea, alikuwa akiongea.

Hapo ndipo palipouma. Cherehani ilikuwa chumba cha mbele, sebule iko nyuma, katikati kuna pazia. Mama Vipimo alikuwa akishona na kuisikia sauti ya mumewe bila kuyakamata maneno. Ilikuwa sauti ya chini, ndefu, ya mtu anayesimulia habari yenye mwanzo na mwisho. Mara nyingine alicheka kidogo. Yeye hakukumbuka mara ya mwisho kuchekewa vile.

Jioni moja alishindwa kujizuia, akaacha kushona, akasogeza pazia kwa kidole, akasikia wazi: "Umechoka, mwenzangu. Haya, tupumzike hapa, nikumalizie ile habari yangu."

Mwenzangu. Yeye mke wa ndoa aliitwa mama wa fulani mbele za watu, na wakiwa wawili tu aliitwa "wewe". Akaingia sebuleni akauliza anaongea na nani. Kimya akashtuka, akasema hakuna mtu, akakazia macho televisheni, akanyamaza jioni nzima. Alinyamaza namna ile ile wanayonyamaza wanaume waliokutwa na simu mkononi. Mama Vipimo alirudi kwenye kiti chake, akashonea mkono wa kushoto wa gauni upande wa kulia, ikabidi aufumue wote.

Alimpelekea habari hizo mdogo wake, mwenye duka la kutoa nakala na kuchapisha barua. Mdogo mtu alicheka mpaka akaweka karatasi chini. Akamuuliza dada yake ana uhakika ni farasi, si mwanamke. Mama Vipimo akamjibu kwamba mwanamke yumo pia, mwenye nyumba ya wageni, kiuno inchi ishirini na mbili, lakini huyo Kimya hata hamsalimii. Maneno yote yanakwenda kwa farasi. Ingekuwa mwanamke, alisema, angejua pa kuanzia ugomvi.

Basi katika kumcheka, mdogo mtu akasema jambo ambalo angelimeza lingekuwa heri. Alisema kuna watu wakimaliza gemu hizo wanaweka faili zao mtandaoni bure. Wewe unapakua, unalipachika kwenye mashine yako, unawasha unakuta kila kazi imefanywa, kila nyumba imenunuliwa. Wavivu wanapenda sana. Mama Vipimo akauliza, na mtu akikuta kila kitu kimekwisha, anafanya nini? Mdogo wake akasema atazunguka siku mbili, atachoka, ataacha.

Siku ya tatu, saa nne asubuhi, Kimya akiwa kazini, wale ndugu wawili walikuwa wamepiga magoti mbele ya televisheni. Mdogo mtu alikuja na faili kwenye flashi. Alikuwa amechagua lile lililosifiwa kuliko yote, la asilimia mia, na mwenye nalo aliandika hapo: kazi zote, hazina zote, nyumba zote, na mengineyo. Mama Vipimo akasema na hayo mengineyo yaje.

Mashine ikauliza kama ifute faili lililopo. Mdogo mtu akatoa mkono kwenye pedi ya kuchezea.

"Dada, hili la shemeji tulihifadhi kwanza kwenye flashi. Ukijuta tunalirudisha, dakika moja tu."

"Sitajuta. Futa."

"Ni miaka miwili ya mtu hii."

"Nami ndiyo inayoniuma hiyo miaka miwili," akasema Mama Vipimo, akachukua pedi akabonyeza mwenyewe.

Jioni hiyo hakukaa kwenye cherehani. Alichukua sketi ya kushona pindo kwa mkono, akaenda kukaa sebuleni, karibu kabisa na mumewe, kama mtu aliyekata tiketi. Kimya alimtazama kidogo kwa mshangao, akawasha.

Pale palipozoeleka kuwa kando ya mto, pakatokea jumba la ghorofa mbili lenye mazulia. Shujaa aliyekuwa na koti la kuchakaa alisimama katikati amevaa dhahabu kuanzia kichwani mpaka kidole cha mguu. Mlango wa ndani ukafunguka, na nani anatoka? Mwenye nyumba ya wageni, na inchi zake ishirini na mbili. Akamwendea shujaa akamwita mume wangu, akamuuliza kama safari ilikuwa njema.

Kumbe mengineyo yalikuwa ndoa. Mama Vipimo alikuwa amejiletea mke mwenza kwa mkono wake mwenyewe, amemfungulia na mlango, amemkalisha sebuleni. Kwa muda alisahau kabisa kwamba yule ni picha, akawa anamtafutia kasoro kwenye mishono ya gauni lake, na alikasirika zaidi kwa kuikosa.

Kimya hakumjali bibi harusi. Alifungua ramani, akakuta kila mahali pamewekwa alama kwamba pamekwisha. Akatoka nje akaenda bandani. Farasi walikuwemo saba, mweusi, mweupe, wa dhahabu, kila mmoja mzuri kuliko mwenzake. Akapita mbele ya kila mmoja. Akarudi tena mwanzo, akapita kwa mara ya pili akisimama kila chumba.

"Wangu hayupo," akasema.

Mama Vipimo alikuwa na uongo wake tayari, kwamba umeme ulikatika ukarudi ghafla. Lakini aliutazama mgongo wa mumewe ulivyoinama kuelekea kwenye kioo, uongo ukamshinda kutoka.

"Nimelifuta faili lako. Nimeweka la mtu aliyemaliza."

Kimya akasema, "Sawa," akaweka pedi chini, akazima televisheni. Hakukunja uso wala hakugonga mlango. Laiti angegombana, mkewe angalau angepata cha kujibu.

Kuanzia kesho yake Mama Vipimo alipata alichokitaka. Mumewe akioga na kula, alikuja chumba cha mbele akakaa kwenye kigoda cha wateja, mikono magotini, mpaka saa ya kulala. Mkewe alimchangamkia. Alimuuliza kazi ilikuwaje, akasema kazi ni ile ile. Alimuuliza kama bosi wake amerudi safari, akasema amerudi. Akamsimulia habari za wateja, za yule anayetaka gauni la mwaka juzi limtoshe mwaka huu, na Kimya akatabasamu kwa adabu. Zilipita jioni nne namna hiyo. Mke mwenza hayupo, farasi hayupo, na ile sauti nayo haikuja. Mama Vipimo alianza kumwonea wivu yule farasi wa kahawia mara mbili ya mwanzo, na safari hii hapakuwa na kitu cha kufuta.

Jumapili asubuhi alikuwa kwenye cherehani. Zilikuwa sketi kumi na mbili za shule, za kuchukuliwa mchana, na mbili bado hazijatiwa mkanda. Kimya alikuwa kigodani pake. Mama Vipimo aliona akikaa na neno hili litamtia ugonjwa, akasimamisha gurudumu.

"Yule farasi ulikuwa unamwambia nini?"

"Mambo."

"Mambo gani?"

"Ya kazini. Ya mwili. Mambo tu."

"Na mimi nimekaa hapa, nyuma ya pazia. Kwa nini usiniambie mimi?"

Kimya aliangalia mikono yake.

"Nilianza kwako," akasema. "Nilisimama hapo mlangoni. Ulikuwa na kazi ya watu, ukasema endelea, nakusikia. Nikaendelea mpaka mwisho. Nilipomaliza ukaniuliza kama nimeshakula."

Mama Vipimo akaondoa mkono kwenye gurudumu.

"Sikulaumu," akasema Kimya. "Kazi ni kazi. Ila hiyo cherehani niliionea wivu, kusema kweli. Unaiangalia kutwa nzima. Sasa mtu mzima na ndevu zake atalisemea wapi jambo kama hilo? Nikaenda kwa farasi. Farasi hashoni."

Siku nyingine Mama Vipimo angecheka. Aliuliza kwa sauti ndogo, siku ile aliposimama mlangoni alikuwa akimwambia nini.

"Jicho," akasema mumewe. "Hili la kushoto. Linakwenda."

Kisha yakatoka, taratibu, kwa ile sauti aliyokuwa akiisikia kupitia pazia, na safari hii alisikia maneno. Kwamba kuna doa katikati ya kila anachokitazama. Kwamba karakanani anapanga vyuma kwa jicho la kulia na bosi hajui. Kwamba kule kando ya mto alikuwa akiliziba la kulia kwa kiganja na kujaribu kuhesabu miti ya ng'ambo. Mwaka jana alihesabu kumi na mmoja, juzi juzi akabaki na minne. Kwamba alikwenda hospitali. Daktari alimtia dawa ya kupanua mboni, akamwambia siku hiyo hataona vizuri na asiondoke bila mtu wa nyumbani wa kumshika mkono. Kimya akasema mkewe yuko nje anamsubiri. Akatoka akakaa kwenye benchi tangu saa tano, akingoja macho yamrudie, akaanza kutembea saa kumi na moja.

"Ulifika jioni," akasema Mama Vipimo.

"Uliniambia nimechelewa, chakula kimepoa."

Alilikumbuka. Alikumbuka na alivyolisema. Machozi yalimtoka hapo hapo, ya uchungu, na tusimpambe, yalikuwa na wivu ndani yake pia. Mwaka mzima farasi alijua. Yeye anayelala ubavuni mwa mtu huyu alikuwa wa mwisho kusikia, na isingekuwa kumfutia farasi wake asingesikia hata leo.

"Unarudi lini kwa daktari?"

"Alhamisi."

"Tunakwenda wote."

"Alhamisi unapokea vitambaa vya kwaya," akasema Kimya. Kumbe hata ratiba zake alikuwa akizijua.

Nje mtu akapiga hodi. Alikuwa mama wa sketi, amewahi kwa saa mbili nzima, na nyuma yake amesimama mwenzake wa kwaya. Mama Vipimo alijifuta uso kwa kipande cha kitambaa, akaenda mlangoni. Akawaambia sketi kumi ziko tayari na mbili zitatoka kesho, na vitambaa wavilete Ijumaa, kwa sababu Alhamisi atafunga. Mwenye kwaya akauliza kuna nini Alhamisi.

"Nampeleka mume wangu hospitali," akasema, na alilisema kwa sauti kubwa kuliko ilivyohitajika, kidevu juu.

Wale wakampa pole. Alizipokea, akafunga mlango, akasimama nyuma yake kidogo kabla ya kurudi kigodani kwa mumewe, maana alikuwa anaona aibu. Kati ya yote mazito aliyoyasikia asubuhi ile, lilikuwepo jambo moja lililomfurahisha moyo, na hakuweza kuliondoa: kwamba kule hospitali, kwenye lile benchi, farasi asingeweza kumshika mkono.