Huế Haimalizwi kwa Nusu Siku

Anysie alikuwa na mdomo wa kumtoa nyoka pangoni, lakini kwa Mzee Khiêm aligonga mwamba. Miezi minne ilikuwa imepita tangu mke wa mzee azikwe, na miezi yote hiyo mzee alilala kwa ubavu wa kushoto, akiutazama ukuta wa chumba chake pale Sterling, Virginia, kama vile ukuta ndio uliomkosea. Aliogeshwa akiwa kitandani, akalishwa akiwa kitandani, na akiombwa ainuke alijibu kwa Kifaransa safi cha shule za zamani, "Kesho, Madamu." Kesho zake hazikuwa na idadi.

Kifaransa hicho ndicho kilichompa Anysie kazi. Mzee alikuwa mtu wa Huế, mji wa wafalme wa zamani wa Vietnam, na huko aliongoza watalii miaka mingi, wengi wao Wafaransa, kabla binti yake Mai hajamleta Marekani. Anysie alitoka Uvira, Kongo, akapitia kambi ya wakimbizi, akaishia Virginia kutunza wazee wa watu. Wasaidizi watatu waliomtangulia walishindwa kuelewana na mzee hata kwa ishara. Yeye na mzee walielewana juu ya kila jambo, ila kuinuka tu.

Jumanne simu ikapigwa kutoka ofisi inayolipia matunzo ya mzee. Nesi mkaguzi angekuja Ijumaa saa nne. Kama mzee angeinuka mwenyewe na kutembea na mkongojo wake wa miguu minne mpaka mlango wa mbele, angebaki nyumbani. Kama hangeweza, kulikuwa na chumba kinamngoja kwenye makao ya wazee huko Woodbridge. Mai alikwisha kukiona chumba hicho. Kilikuwa kisafi, dirisha lake lilitazama maegesho ya magari, na mle ndani hapakuwa na mtu hata mmoja wa kusema naye Kivietnam wala Kifaransa.

"Mama yako amefia katika nyumba hii," mzee aliuambia ukuta, "na mimi nitafia humu humu."

Mai akaenda kulia jikoni. Anysie naye akalia, maana hakulelewa kumwacha mwenzake alie peke yake.

Jumatano, akipangusa vumbi kabatini, Anysie aliokota kibendera cha manjano kwenye kijiti, kile ambacho mwongozaji hukiinua juu ili kundi lake lisipotee. Akakitazama, akamtazama mzee, na ile roho yake ya uchokozi ikaamka.

"Mzee, jana usiku niliitazama Huế kwenye simu. Kumbe ni kamji kadogo tu! Naona mtu anakamaliza kabla ya saa sita, anarudi hotelini kulala."

Kisha sikio la mzee likacheza.

"Nani amesema?"

"Simu."

"Simu ni punguani." Kitanda kikalia, na kwa mara ya kwanza baada ya miezi minne mzee akageukia ubavu wa kulia. Macho yake yalikuwa yanawaka. "Huế haimalizwi kwa nusu siku! Ngome peke yake ni asubuhi nzima. Makaburi ya wafalme, mchana mzima. Saa mbili kamili mpaka saa kumi na moja, na chakula kimo humo humo. Anayeonyesha Huế kwa nusu siku ni mwizi!"

"Mimi naamini ninachokiona," Anysie akasema, akiendelea kupangusa.

"Basi kesho. Saa mbili kamili. Anayechelewa anaachwa."

Anysie alidhani ziara hiyo ingetoka kitandani ikafika sebuleni, na kwa hiyo kesho yake alikuja na viatu vyake vya kanisani, vile vyenye kisigino. Mdharau mwiba mguu huota tende, walisema wahenga, na tende hiyo ilikuwa inamsubiri. Basi lilimchelewesha. Alipofika, Mzee Khiêm alikuwa amesimama mlangoni. Amesimama! Tai shingoni, kofia ya majani kichwani, kibendera kimechomekwa kwenye mkongojo. Nyuma yake Mai alikuwa ameziba mdomo kwa viganja viwili, funguo za gari zimemwanguka miguuni, na kazini kwake, uwanja wa ndege wa Dulles, walikuwa wanamtafuta.

"Dakika nane," mzee alisema. "Kuna Mfaransa mmoja alichelewa dakika nane. Hajaiona Huế mpaka leo."

Wakaondoka. Mwendo wa mzee ulikuwa wa kinyonga, lakini kinyonga asiyepumzika. Bwawa la maji ya mvua la mtaa, lenye bata wawili na mfuko wa plastiki, likawa Mto wa Manukato. Anysie aliamriwa avute pumzi asikie harufu ya maua yanayoshuka kutoka milimani. Akavuta, akasikia harufu ya bata, akasema ni nzuri sana. Tangi la maji lililosimama juu ya paa za nyumba likawa mnara wa ghorofa saba wa Thiên Mụ, na hapo alitakiwa ahesabu ghorofa zote kwa sauti. Alipofika tano na kujifanya amechoka, alirudishwa kwenye moja.

Kila mahali mzee alichukua simu ya Anysie akampiga picha. "Kushoto kidogo. Tabasamu. Si hivyo, hilo ni tabasamu la mtu anayeumwa jino."

Kisha wakafika Ngomeni. Ilikuwa ni moja ya yale majengo makubwa yasiyo na madirisha yanayohifadhi kompyuta za dunia, na uzio wake ulikuwa mrefu kupita twiga.

"Jiji la Zambarau," mzee alinong'ona, akivua kofia. "Ndani anaingia mfalme na watu wake tu. Raia akiingia, kichwa kinabaki huko."

Mlinzi akatoka kwenye kibanda chake mbio mbio, mkono umeinuliwa, Kiingereza kikali mdomoni. Kibao cha kifuani kilisema Godlisten, jina la Mtanzania kabisa. Anysie akashusha pumzi.

"Kaka, pole, tuko natembea tu. Huyu mzee ananionyesha mji wa kwao."

Mkono wa Godlisten ukashuka wenyewe. "Ala! Shikamoo, mzee." Alipoona mzee hajaelewa akainamisha kichwa, na hapo mzee akaelewa vizuri sana. "Dada, mji gani tena? Hapa ni kompyuta tupu. Na picha haziruhusiwi."

"Muulize," mzee akamwambia Anysie, "yeye ameshawahi kuingia ndani?"

Anysie akauliza.

"Mimi? Mwaka wa tatu huu nalinda geti. Ndani sijui hata pana rangi gani."

Anysie alipotafsiri, mzee akampa Godlisten mkono kwa heshima kubwa, akasema hakuna kilichobadilika, hata kule kwao walinzi wa lango walikuwa hivyo hivyo. Godlisten hakujua amesifiwa kwa lipi, ila alirudi kibandani kifua mbele, na walipopita kwa nje ya uzio alisimama wima mpaka wakatokomea.

Chakula cha mchana walikilia kwenye benchi. Anysie alikuwa na sombe, mboga ya majani ya muhogo, na bugali, ule ugali wa kwao, kwenye kopo, na pilipili pembeni. Mzee alionja akitafuta kasoro. Akaonja tena. Akalamba kijiko, akasema pilipili hiyo ingeweza kuzaliwa Huế, kisha akala mpaka chini. Mtu aliyekuwa akimeza vijiko vitatu kwa kubembelezwa! Anysie alishinda na njaa na furaha mchana kutwa.

Mchana ulikuwa wa makaburi. Mzee alimsimulia mfalme aliyejijengea kaburi lenye bustani na ziwa, akawa anakwenda kukaa humo kutunga mashairi miaka mingi kabla ya kufa.

"Anastarehe kaburini mwake?" Anysie akashtuka. "Kwetu Uvira huyo angefungiwa maombi siku tatu."

Mzee Khiêm akacheka. Kilikuwa kicheko chenye kutu, kikaishia kwenye kikohozi. Halafu akasema taratibu, "Mke wangu naye alisema hivyo hivyo. Siku ya kwanza alikuwa mtalii wangu." Anysie alimshika kiwiko, wakatembea.

Saa kumi na moja wakarudi nyumbani, na hapo ndipo balaa lilipoanza. Mzee alishikilia kwamba kazi ya mwongozaji haiishi mpaka mgeni apande gari. Akamsindikiza Anysie hadi kituo cha basi, mitaa miwili mbele. Anysie naye hangeweza kumwacha mzee wa watu arudi peke yake, akamrudisha. Kufika mlangoni, mzee akakumbuka kwamba mtalii wake bado hajapanda gari. Wakageuka. Basi la kwanza likapita wakiwa wanakwenda, la pili likapita wakiwa wanarudi.

"Mzee, sikiliza," Anysie alisema kwa uchungu, viatu mkononi, miguu mitupu. "Kwetu msindikizaji hafiki mwisho. Anafika nusu ya njia. Na yule mgeni naye anamrudisha mwenyeji hatua kadhaa, wanaagana, basi."

"Nusu tena!" mzee akafoka. "Nusu siku, nusu njia. Mnaishi nusu nusu! Mgeni hufikishwa kwenye gari lake." Akatafakari kidogo. "Lakini hilo la kumrudisha mwenyeji ni zuri. Hilo nalichukua."

Mai aliwakuta njiani akitoka kazini, akawapakia wote wawili.

Ijumaa Anysie aliingia akichechemea, roho nyeupe, wimbo mdomoni. Wimbo ukamkauka. Mzee Khiêm alikuwa kitandani, ubavu wa kushoto, uso ukutani.

"Mzee! Nesi anakuja!"

"Leo hakuna ziara. Ofisi imefungwa."

Nesi alifika saa nne kamili, Mkenya wa Kakamega, jina lake Queen, mwili wa kujaza mlango na tabuleti mkononi. Alimsalimia kila mtu vizuri, akasimama miguuni pa kitanda.

"Mwambie aamke, atembee mpaka kwa mlango."

Anysie akamwambia. Mzee akajibu bila kugeuka, "Mwambie mimi si mbuzi wa mnadani, nitembezwe watu wanikague miguu. Ninatembea nikiwa na mgeni wa kumtembeza."

"Anasema apumzike kidogo," Anysie akatafsiri.

"Hiyo imekuwa ndefu kuliko kupumzika kidogo."

"Dada, jana alitembea! Minakuapia mbele ya Mungu. Alitembea mpaka mimi ndiye nilivimba miguu. Angalia picha!"

Queen akapokea simu, akapitisha kidole. Anysie na bata. Anysie na tangi. Anysie kwenye benchi, akilitazama kopo tupu. Picha arobaini na moja, na hakuna hata moja yenye mzee, kwa kuwa mwongozaji hajipigi picha, humpiga mtalii.

"Hii ni wewe," Queen akasema. "Na hii ni wewe. Wewe unatembea poa sana, dada. Sasa ni-approve wewe?"

"Na mimi nilimwona," Mai akasema kwa Kiingereza.

"Pole sana. Mimi naandika kile naona kwa macho yangu. Hiyo ingine ni story." Hakuwa mbaya. Aliuliza tena kwa upole, mara ya pili, mara ya tatu, na ukuta haukujibu. Kisha akaandika, Mai akatazama kila herufi, na machozi yakamshuka bila sauti. Queen akafunga tabuleti, akachukua mkoba. "Wacha niende, niko na wengine wawili kabla ya lunch."

Anysie alikiona kile chumba cha Woodbridge, na mzee ubavu wa kushoto, na ukuta mwingine usiojua Kifaransa. Akamwonea huruma, akamkasirikia, na hasira ndiyo iliyopata maneno kwanza.

"Haya lala!" akauambia mgongo wa mzee. "Mgeni ameingia nyumbani kwako, sasa anaondoka, na hana wa kumsindikiza. Atakwenda peke yake mpaka kwenye gari. Nilidhani watu wa nusu nusu ni sisi. Sisi angalau tunafika nusu!"

Akatoka. Queen alikwisha kuteremka ngazi za mbele. Nyuma yao kitanda kikalia, kitu kikaanguka, mtu akalaani kwa Kivietnam. Kisha ikaja sauti ya mkongojo kwenye sakafu, ko, ko, ko.

Mzee Khiêm alitokea mlangoni kwa pajama na kofia ya majani. Hakuishia mlangoni. Alishuka ngazi mbili akimkataza Mai kwa jicho asimguse, akapita bustanini, akamfikia Queen aliyekuwa amesimama akishangaa, akainua kibendera. Njia nzima mpaka barabarani alimweleza historia ya ukoo wa kifalme kwa Kifaransa ambacho Queen hakuelewa neno. Kwenye gari akafungua mlango, akainama, akasema kwa yale maneno machache ya Kiingereza aliyokariri kwa ajili ya watalii kwamba Huế inashukuru kwa kutembelewa.

Queen alimtazama mzee, akautazama mlango wa nyumba ulivyo mbali. Akatoa tabuleti, akafuta, akaandika upya. Mai aliketi chini kwenye majani akacheka na kulia kwa pamoja.

"Asante mzee, sasa enda," Queen akasema. Mzee hakwenda. "Anangoja nini?"

"Umurudishe," Anysie akasema. "Jana nilimufundisha vile."

Queen akatazama saa yake. Lakini Kakamega nako watu hulelewa. Akafunga mlango wa gari, akampa mzee mkono, wakarudi polepole mpaka ngazini. Mzee akamshukuru. Kisha akageuza mkongojo, akainua kibendera, akaelekea tena kwenye gari.

"Dada! Nimeandika!" Queen akapiga kelele. "Nimeandika na nimetuma! Si umwambie abaki!"

"Mgeni njoo, mwenyeji apone," Anysie akamjibu. Akavua viatu, akaketi ngazini kuwasubiri. Kwa alivyomjua mzee, wale wagonjwa wawili wa Queen wangeonwa baada ya chakula.