Nishani ya Babu Ahmada

Mimi si mtu wa kusifia wafalme. Lakini filamu ile ilipoanza kucheza kwenye kompyuta ya fundi, hapa mtaa wa Dengfeng, Uchina, nilisahau hata mzigo wangu wa nguo. Wazee wa Unguja walipita mbele ya Sultani mmoja mmoja, majoho yamewakaa, majambia kiunoni, na mpiga siwa amevimbisha mashavu ingawa filamu haina sauti. Hakuna aliyekuwa na papara. Watu wale walijua kujiheshimu, jamani.

Mkebe wa filamu niliutoa kwetu Malindi ya Unguja, kwenye stoo ya marehemu mjomba. Siku zote tumeambiwa babu Ahmada, baba yake mama, alivishwa nishani siku filamu ile ilipopigwa. Babu alifariki mama akiwa mdogo, wala haikubaki picha yake hata moja. Sasa mama anakaribia miaka tisini, na daktari amesema macho yake hayatadumu muda mrefu. Ndiyo maana nilimtafuta fundi wa kuihamishia filamu kwenye kompyuta.

Nikampigia mama kwa video, nikaielekeza simu kwenye kioo cha kompyuta. Mzee mmoja mrefu akasogea, akavishwa nishani. Shavuni alikuwa na kovu.

"Si yeye," mama akasema. "Kovu la baba lilikuwa shavu la kushoto. Akinipakata nikilishikashika. Huyu lake la kulia."

"Labda umesahau, mama."

"Nisahau uso wa baba yangu?" Roho iliniuma.

Dullah, mume wangu, akanigusa bega. "Twende, Shamsia. Kontena letu linafungwa bandarini Nansha."

"Tangulia wewe."

Nikamwomba fundi arudie. Safari hii nikaona jambo lililonipandisha hasira: wazee wote wale walimpa Sultani mkono wa kushoto. Mzanzibari gani, hata awe mlevi, atampa mfalme mkono wa kushoto? Kwetu hata mtoto akikupa kijiko kwa kushoto huambiwa abadilishe mkono.

"Laoban," yaani bosi, nikamwambia fundi kwa Kichina changu cha sokoni, "filamu umeiweka kinyume. Kulia kumekuwa kushoto."

Akaitazama kwenye mwanga, akaona kweli imepita kwenye mashine upande wa nyuma. Akaomba radhi, akaigeuza.

Mikono ya kulia ikanyooshwa kwa adabu. Mzee mrefu akasogea tena, akainamisha kichwa, akavishwa nishani. Kule Unguja mama aliisogelea simu hadi nikawa naliona jicho lake tu. Hakusema neno juu ya nishani wala Sultani.

"Shikamoo, baba," akasema.