Machozi ya Wifi Yangu

Jeneza la kaka yangu Xavery lilikuwa sebuleni, vilio vimejaa mpaka uani, na mjane wake amekaa mkekani macho makavu.

Kwetu Nyamigogo mjane asiyelia huanza kusemwa kabla hata kaburi halijachimbwa. Huyu wetu alikuwa na kosa la ziada: sote tulishamwona akilia. Xavery alipomleta kutoka Sweden waje wazeekee nyumbani, katekista alitundika shuka jeupe katika kanisa la kigango tukaangalia filamu aliyoigiza mkewe huyo zamani. Gunvor, bado msichana, amelilalia jeneza la mume wa filamu, analia mpaka wanawake wa kwetu wakajifuta kwa ncha za vitenge. Lugha hatukuielewa, lakini kilio tulikielewa. Xavery hakuchoka kututambia: mke wangu alipanda jukwaani akiwa binti mdogo, amekuwa malkia, amekuwa mlevi, amekuwa mama wa watoto waliokufa vitani, na hakuna mji kule ambako hakupigiwa makofi.

"Mume wa uongo alimlilia," alisema shangazi Francisca, makusudi asikike. "Huyu wa kweli hana hata chozi moja. Haendi kaburini. Abaki humu ndani."

Kumzuia mjane asimtupie mumewe udongo ni kumfukuza mbele ya watu. Nikamvuta chumbani.

"Wifi, nakuomba. Lia kidogo tu. Si ndiyo kazi yako? Igiza!"

Alinitazama. Kiswahili alifundishwa na kaka yangu, na alikisema polepole kama yeye.

"Siwezi, Deodata. Unajua nilikuwa naliaje kule? Kila nilipotakiwa kulia, nilimwona Xavery amekufa. Nilimvalisha suti kichwani mwangu, nikamlaza, nikamfunika. Machozi yakaja. Watu walikuwa wanasimama kupiga makofi, na mimi nakimbia nyumbani kusikiliza kama anapumua." Akanishika mkono. "Miaka yote hiyo nimemzika, wifi. Leo nafumba macho, namwona ananisubiri nje ya ukumbi na mwavuli. Anacheka. Nitamliliaje mtu anayecheka?"

Nililia mimi. Nilimlilia kaka yangu, nikamlilia na huyu mwanamke aliyemaliza machozi yake mbele ya watu wasiomjua mumewe hata kwa jina. Yeye ndiye aliyenipangusa uso kwa kiganja chake.

Tulipotoka wanaume walishalitoa jeneza uani. Shangazi alikuwa amekaa kizingitini, miguu ameinyoosha kuziba mlango.

"Amelia?" akaniuliza.

"Ameshalia, shangazi. Alianza kabla yetu sote."

Hakunielewa, niliona usoni. Akamwangalia Gunvor kwa muda, kuanzia macho yake makavu mpaka miguu iliyovaa viatu vya Xavery. Kisha akakunja magoti yake, taratibu, tukapita.